Bundi wa Juu ya Tanuri

Katika mji ule wakati haukupita, ulikaa. Ulikuwa umejengwa kama mitaa, mmoja chini ya mwingine kwenye mteremko wa mlima. Walio hai waliishi mtaa wa juu kabisa, ulioitwa Leo, kwa sababu huko ndiko kulikokuwa na jua na soko. Chini yake ulikuwepo mtaa wa Jana, na chini ya Jana mitaa ya mababu, ambayo mapaa yake yalionekana vizuri kutoka juu, moshi ukifuka jikoni, nguo zikianikwa na watu waliokwisha kuzikwa. Asubuhi tulivu, mtu akiegemea ukuta, aliweza kumsikia mama wa bibi yake akimkaripia mbuzi. Lakini hakuna aliyeshuka. Lango lilikuwa limefungwa kwa amri tangu enzi za liwali wa kwanza, na sababu yake kila mtoto aliijua kabla hajaweza kufunga vifungo vya shati lake: huko chini ndiko walikokaa Bundi.

Chama cha Bundi! Watu walilitaja jina hilo wakiwa wameziba mdomo nusu. Bundi ni ndege asiyekaribishwa. Akilia juu ya paa, wenye nyumba huulizana nani anaumwa. Watu waliojichagulia jina hilo kwa hiari yao wangewezaje kuwa na nia njema? Mvua ikichelewa, Bundi wameishika. Mfereji ukikauka, Bundi. Mkate ukiungua, Bundi. Wafalme wa nchi za mbali walipopinduliwa ilikuwa kazi ya Bundi, na waliowapindua walipopinduliwa nao, ilikuwa kazi ya Bundi wale wale. Hakuna aliyeuliza mtu anawezaje kupigana pande zote mbili za vita na kushinda pande zote mbili. Hofu haiulizi. Hofu ni nyumba yenye starehe zake: ukishaingia humo huhitaji tena kutafuta chanzo cha jambo lolote, maana kila chanzo kimeshawekwa tayari mezani, kimefunikwa kawa, na wewe kazi yako ni kula tu na kutetemeka.

Mwatima alikuwa mpiga mbiu wa mji huo. Kila asubuhi alipanda jukwaa la mawe katikati ya soko, akapuliza pembe, akatangaza mambo ambayo Bundi walikuwa wameyatenda tangu jana yake. Alikuwa mwanamke mnene wa kifua, mwenye sauti iliyofika hadi vichochoroni, na mcheshi kupita kiasi. Akishatangaza balaa zote hizo alishuka, akanunua maandazi, na kucheka na wauzaji mpaka jua likapanda. Hakuona kwamba mambo hayo mawili yanagongana. Mtu anaweza kuishi miaka mingi huku mdomo wake na moyo wake havijaamkiana.

Kisha walinzi wakamkamata mdogo wake.

Fumo alikuwa mwalimu, kijana mpole aliyeishi na mama yao, Bi Mize. Alikutwa chini ya ukuta mchana kweupe, ana kitabu kisicho na kibali, anacheka peke yake.

"Mtu hacheki peke yake," mkuu wa walinzi alisema. "Akicheka, ana wenzake asiotuonyesha."

Adhabu ya kuwa Bundi katika mji ule haikuwa kifo. Ilikuwa kufutwa jina. Mpiga mbiu alipanda jukwaani akatangaza kwamba hakuna mtu wa jina fulani, na tangu hapo hakuwepo: alisimama mbele ya watu wakamwona kama mtu aonavyo maji safi, akaongea wakasikia upepo. Na kufutwa kulianza kidogo kidogo tangu siku ya kukamatwa. Jioni hiyo hiyo Bi Mize aliandaa sahani, akazitazama, akasema, "Mwatima, mbona nahisi imepungua moja?"

"Ya Fumo, mama."

"Eeh, Fumo," mama alisema, lakini alilitamka jina hilo polepole, kama anayesoma kibao cha duka kwa mbali.

Asubuhi iliyofuata Liwali alimwita Mwatima bustanini kwake. Alikuwa mtu mzito, mwenye macho mekundu, ameketi katikati ya mawaridi bila kuyaona.

"Mwatima, nikuulize," alisema. "Wewe huwa unalala?"

"Nalala, Bwana Liwali."

"Vipi?"

"Nafumba macho tu."

Liwali alimwangalia kwa wivu. "Mimi tangu nikalie kiti hiki sijapata usingizi wa kueleweka. Aliyenitangulia alinikabidhi vitu viwili, ufunguo wa lango na hofu ya Bundi. Nikigeuka huku nawasikia, nikigeuka kule nawasikia. Wewe ndiye unayewajua. Niambie, watu hawa wanataka nini?"

"Mimi siwajui, Bwana. Natangaza ninacholetewa na ofisi yako."

"Ofisi yangu! Ofisi yangu husikia kutoka sokoni."

"Na sokoni," Mwatima alisema, akiwa ameanza kushikwa na mshangao, "wanasikia kutoka kwangu."

Walitazamana. Nyuki alitua kwenye waridi, akaondoka. Kwa kitambo kifupi ilionekana kama jambo kubwa na jepesi limesimama kati yao wawili, linangoja kupewa mkono. Kisha Liwali akainama, akanong'ona, "Basi wana nguvu kuliko nilivyodhani."

Akatoa ufunguo kifuani. "Shuka. Waulize wanataka nini. Chochote watakachotaja nitawapa, ilimradi waniache. Mkutano wa kumfuta mwalimu ni leo alasiri. Ukirudi na jibu, ndugu yako tutamfikiria. Usiporudi, pembe ataipuliza mwingine."

Mwatima alifungua lango akashuka, akaupita mtaa wa Jana, akafika mitaa ya mababu.

Alikuwa amejiandaa kwa giza, alikuta mwanga. Alikuwa amejiandaa kwa vilio, alisikia kuku. Lakini jambo moja lilimtisha: miguu yake haikutoa sauti kwenye mawe, na jua lilimpiga bila kumpa kivuli. Sijazaliwa, alifikiri. Huku mimi bado. Mama yangu bado. Nani basi huyu anayetembea? Nikimsalimu mtu, nitamsalimu kwa jina gani, na jina lenyewe halijachaguliwa? Labda hivi ndivyo Fumo anavyojisikia sasa hivi, huko juu, yeye anayeondolewa kama mimi ninavyosubiriwa. Labda mtu ni salamu tu. Labda kabla ya kusalimiwa sisi sote ni hewa.

Mwanamke mwenye unga mpaka viwikoni alitokeza kichwa kwenye mlango wa duka la mikate. "Karibu, mgeni," alisema. "Mbona umesimama juani?"

Pale pale Mwatima aliusikia uzito wake ukirudi miguuni, na kivuli kikamdondokea pembeni kama shuka. Alifurahi hata akamshika mwanamke yule mkono na unga wake.

"Ahsante, bibi. Nawatafuta Bundi."

"Wale? Wako juu ya tanuri, nimewapangisha chumba. Panda ngazi. Waambie waache kugonga sakafu kwa viti, vumbi linaniingia kwenye unga niliokanda."

Kelele zilisikika kuanzia chini. Mwatima alipanda akabisha hodi, hakuna aliyemsikia, akaingia. Kilikuwa chumba kidogo chenye joto la mikate, dirisha wazi, rafu ya vitabu iliyopinda katikati, na wanaume wachache ambao hakuna hata mmoja aliyefikia umri wake. Wawili walikuwa wamesimama wakigombania kiti.

Mmoja alikuwa mwembamba, mwenye uso wa mtu anayesahau kula. Huyo ndiye aliyekuwa Simai, mwalimu wa sheria katika chuo cha mtaa ule na mwanzilishi wa chama. Wa pili alikuwa mrefu, amevaa vizuri, anapendeza na anajua kwamba anapendeza: Ngwena, mtoto wa ukoo mkubwa, ambaye aliingia chamani baadaye na kuwaleta rafiki zake wengi. Waliobaki walikuwa wanafunzi, wamekaa sakafuni, wamechoka.

"Kiti ni cha mkuu," Simai alisema.

"Na mkuu ni nani? Nani alikuletea watu? Nani alikutungia vyeo?" Ngwena alionyesha ukutani, ambako ilichorwa kwa mkaa ngazi ndefu yenye jina la cheo kwenye kila kipandio. Vipandio vya juu kabisa havikuwa na majina, maana vilikuwa havijabuniwa bado.

Mwatima alikohoa. Walimgeukia, wakanyamaza, na kwa pamoja wakajaribu kuonekana wa kutisha. Hawakuweza. Mmoja wao alikuwa anatafuna mkate.

"Natoka mtaa wa Leo," alisema. "Liwali wetu anawauliza mnataka nini."

"Leo ni hapa," mwanafunzi mmoja alisema.

"Kwenu. Mimi natoka Leo ya baadaye."

Walimpa kile kiti walichokuwa wakigombania, na kwa muda mfupi ugomvi ukaisha. Alikaa. Aliwauliza kama kweli wanashika mvua. Walicheka hadi yule wa mkate akapaliwa.

"Dada yangu," Ngwena alisema, akifuta machozi, "sisi tumeshindwa kukubaliana siku ya kukutana."

"Huko kwetu inasemekana mnakutana usiku wa manane."

"Tunakutana baada ya chakula cha mchana. Moshi wa mishumaa hunitia kikohozi."

"Na huyo bundi? Mbona mkachagua bundi?"

"Kwa sababu anaona gizani," Simai alisema kwa haraka, kama mtu aliyekwisha kuulizwa mara nyingi. "Sisi tulitaka kuona gizani. Basi."

"Kwetu akilia juu ya paa watu hutafuta sanda."

"Hata huku!" Ngwena alipiga goti. "Nilimwambia! Nilimwambia achague ndege mwingine yeyote!"

Simai alitabasamu kwa aibu, na aibu hiyo ikamfanya Mwatima ampende. Akamwomba amweleze tangu mwanzo. Simai akaeleza akiwa amesimama dirishani, maneno yakimtoka kwa vipande, kama mtu anayeokota vitu vilivyomwagika.

"Chuoni walimu wote huvaa joho jeusi isipokuwa mimi. Wao ndio wanaoamua kitabu kipi kifunguliwe, na walio wengi wamefungwa. Vitabu, nasema. Na watu pia. Nilikuwa peke yangu. Unajua upweke wa mtu aliyesoma jambo zuri na hana wa kumwambia? Unazunguka nalo nyumbani. Unawaambia viti. Nikafikiri, nitafute wenzangu. Nikawaambia vijana, njooni tusome. Walikuja wawili, mmoja akalala. Nikawaambia, njooni, kuna siri. Wakajaa ngazi nzima."

"Na siri yenyewe ilikuwa nini?"

"Kwamba tunasoma."

Mwatima alimtazama. Kisha kicheko kikaanza tumboni mwake, mbali sana, kikapanda. Miaka yote hiyo! Pembe yote hiyo! Wafalme, mvua, mikate! Na chini ya yote hayo, kama punje ya mtama chini ya magodoro mengi, vijana wachache wanaosoma baada ya chakula cha mchana na kupeana majina ya watu wa kale. Simai alijiita kwa jina la mtumwa wa zamani aliyewaasi mabwana zake. Ngwena kwa jina la mwanafalsafa. Hata miezi na miji yao waliibatiza upya. Jina la siri ni kitu kitamu. Mtu mdogo akilivaa hujiona ana mgongo mpana. Walikuwa wamejifanyia ulimwengu wao ndani ya chumba kinachonukia mkate, na ulimwengu huo ulikuwa na furaha yake.

Lakini haukuwa na furaha tu. Mwanafunzi aliyekaa karibu na mlango, kijana mwenye macho ya woga, alisema bila kuinua kichwa, "Mwambie na lile la makosa, Mwalimu."

"Lile ni la ndani," Simai alisema.

"Kila juma kila mmoja wetu humweleza Mwalimu makosa ya mwenzake," yule kijana alimwambia Mwatima. "Anasema ni ili tujirekebishe. Mimi siku hizi sicheki mbele ya rafiki yangu."

Joto la chumba lilipungua. Mwatima aligundua kwamba hakuja kukutana na malaika, na jambo hilo, badala ya kumvunja moyo, lilimtuliza. Malaika asingejua la kumwambia.

"Huko kwetu," alimwambia Simai, "nina mdogo wangu. Amekamatwa kwa kucheka peke yake. Alasiri hii anafutwa jina. Wanasema ni mtu wenu."

"Wetu? Hatujamwona kamwe."

"Hajazaliwa kwenu. Lakini jina lenu linatosha. Kila baya lililoko kule ni lenu. Watu wanajifungia ndani wakilisikia. Liwali halali."

Hapo likatokea jambo ambalo Mwatima hakulitazamia. Simai alinyooka. Macho yake yaling'aa.

"Wananiogopa?" aliuliza. "Mpaka liwali?"

"Mpaka liwali."

"Baada ya miaka yote hiyo?" Aligeuka kumtazama Ngwena, ambaye naye alikuwa amevuta kola yake vizuri. "Umesikia? Chuoni hawanipi hata nafasi ya kuongea kwenye kikao." Kisha akasema kwa sauti ndogo, kama mtoto anayeomba sukari, "Dada, usiwaambie. Waache. Sijawahi kuogopwa na mtu."

Mwatima hakumkasirikia. Alitafuta maneno, na kazi yake yote ilikuwa maneno, lakini haya alilazimika kuyatafuta upya.

"Mwalimu, huko juu hakuna anayekuogopa wewe. Hakuna anayekujua. Wanaogopa dude kubwa lenye jina ulilolibuni, nalo limekua likakusahau. Lina mabawa ya kufunika mji. Wewe halikutambui, na likikuona leo halikupi hata salamu. Na nikwambie linakula nini? Linakula vitabu. Kwa ajili yako kila kitabu kinahitaji kibali. Kwa ajili yako lango la mababu limefungwa. Ulianzisha chama watu wasome. Sasa wanaogopa kusoma wasije wakafanana na wewe."

Simai alikaa sakafuni kati ya wanafunzi wake. Kutoka chini ilisikika koleo ya mwokaji ikikwaruza tanuri. Alimtazama yule kijana wa karibu na mlango kwa muda mrefu.

"Ile habari ya makosa," alimwambia, "imekwisha. Tangu leo. Cheka na rafiki yako." Kisha akasimama, akajipangusa suruali. "Dada, niende huko juu nikafanye nini?"

"Uonekane tu."

"Nikionekana, dude litakufa?"

"Sijui. Lakini ndugu yangu ataishi."

Ngwena aliombwa naye aje. Aliuliza nani atakuwa kiongozi wa msafara. Aliposikia ni Simai alirudi kukaa, safari hii kwenye kiti, akasema yeye anafikiria kuanzisha chama chake mwenyewe. Wakamwacha.

Sokoni watu walikuwa wameshajaa. Fumo alisimama jukwaani kati ya walinzi, na jua lilikuwa limeanza kumpita. Nyuma ya kifua chake ungeweza kuyaona mabiringanya ya meza ya jirani. Bi Mize alimshika mkono wa kanzu. Hakujua tena ni nani aliyemshika. Alijua tu kwamba asimwachie. Mkuu wa walinzi alikuwa ameiweka pembe mdomoni.

"Ngoja!" Mwatima alipaza sauti, na sauti ile hakuna aliyeweza kubishana nayo. Alipanda jukwaani akimvuta mtu kwa mkono. "Wenyeji wa mji! Nimewaletea Bundi!"

Umati mzima ulijitupa chini kama majani yaliyolazwa na upepo. Liwali alijificha nyuma ya mwavuli wake. Kukawa kimya kizito, na ndani ya kimya hicho Simai, ambaye alikuwa na unga wa mikate begani na hakuzoea hewa ya juu, alipiga chafya.

Mama muuza mboga alifungua jicho moja. "Huyu?"

"Huyu," Mwatima alisema.

"Yuko peke yake?"

"Wenzake wamegombana."

"Wamegombania nini?"

"Kiti."

Ni vigumu kusema kicheko kilianzia wapi. Labda kwa mama muuza mboga, labda kwa mtu aliyelala kifudifudi juu ya nyanya na kugundua hilo wakati huo. Kilipita safu hadi safu, watu wakiinuka kwa magoti, wakimtazama yule mtu mwembamba anayetetemeka, wakikumbuka usiku waliokesha kwa ajili yake. Walicheka kwa hasira kwanza, kisha kwa aibu, kisha kwa raha tupu, na mwishoni walikuwa wakishikana mabega ili wasianguke.

Liwali alitoka nyuma ya mwavuli. "Unataka nini?" aliuliza, sauti ikimkatika. "Sema. Chukua kiti changu."

Simai alikuwa ameandaa hotuba njiani. Ilimtoka kichwani yote. Alimtazama Fumo, kile kidogo kilichobaki cha Fumo, akasema, "Nimesikia huyu bwana alikuwa na kitabu. Nilitaka tu kujua kinahusu nini."

"Nyuki," sauti ilisema, nyembamba kama upepo.

"Nyuki! Na kinachekesha?"

"Sana," Fumo alisema, na shingo yake ikaonekana. "Kuna mahali mwandishi anaelezea madume ya nyuki. Hayana kazi yoyote, lakini yanatembea mzingani kwa kiburi cha ajabu, yanapishwa njia..." Mabega yakaonekana. Mtu fulani alimtupia macho Liwali, akajizuia, akashindwa. "...na asali hayajui hata inatoka wapi!"

Soko lililipuka upya. Bi Mize aliutazama mkono alioushika, akapanda nao kwa macho hadi usoni.

"Fumo!" alipiga kelele. "Jamani, ni Fumo! Mwanangu Fumo!" Na watu wakalichukua jina hilo wakalipokezana, Fumo, Fumo, kutoka meza ya mboga hadi meza ya samaki, hadi yule kijana akawa mzito wa mwili kuliko alivyowahi kuwa tangu azaliwe, ameona haya, amefunika uso.

Hawakuamini wote. Mkuu wa walinzi aliinua pembe. "Huyu si Bundi wa kweli!" alisema. "Wa kweli wamemtuma huyu ili tucheke! Wamejificha zaidi!" Wako waliotikisa kichwa kukubali, wakaondoka pamoja naye wakitazama nyuma, na mpaka sasa wako. Mtu aliyekaa muda mrefu katika nyumba ya hofu huwezi kumtoa kwa kumwonyesha mlango.

Waliobaki, kicheko kilipotulia, walifikiwa na swali. Mama muuza mboga ndiye aliyelitoa. "Basi, Bwana Liwali, kama si hawa, mfereji wetu ameukausha nani?"

Liwali alifungua mdomo. Jibu la miaka yote lilikuwa limesimama pale mbele yake, lina unga begani. Watu waliona uso wake ukipita kwenye hofu, ukapita, ukatokea upande wa pili.

"Sijui," alisema. Ilikuwa mara ya kwanza liwali kutamka neno hilo hadharani, na halikumuua. "Hebu twendeni tukaangalie."

Wakaenda, yeye amekunja kanzu, wamebeba majembe na makapu, na baada ya kitambo makelele yao yalisikika kutoka juu ya kilima: wamekuta mti umeanguka mferejini, na wanabishana namna ya kuuvuta.

Mwatima alimsindikiza Simai hadi langoni. Walitembea bila haraka. Karibu na ukuta Simai alisimama.

"Wewe unatoka mbele yangu," alisema. "Unajua yatakayonipata. Chama kitapigwa marufuku, sivyo?"

Wakati wa kushuka, katika mitaa iliyo kati, Mwatima alikuwa amesikia watu wakisimulia habari za mwalimu mmoja mzee, na sasa alijua ni nani. Alifikiri kumdanganya, akaona hastahili hilo. "Kitapigwa marufuku. Si muda mrefu kuanzia sasa."

"Na mimi?"

"Utafukuzwa mjini kwako. Utapokelewa na mtawala mmoja anayekupenda, kwenye mji mdogo. Utaandika vitabu kueleza kwamba hamkuwa wabaya, na wachache sana watavisoma. Utapata watoto. Utazeeka sana."

Simai aliyasikiliza maisha yake yote yakiwa yamekunjwa hivyo kama kitambaa. Chini mwanamke wa mikate alikuwa akitwanga kitu, na sauti za vijana zilitoka dirishani, za kubishana, halafu, ghafla, za kucheka. Ilikuwa sauti ya marafiki wawili.

"Na bado ningeanzisha," alisema. "Ila safari hii ningewaambia tu waje tusome. Hata kama ni wawili."

"Hata kama mmoja analala."

"Huyo ndiye anayeota vizuri." Alimpa mkono, akacheka, akashuka mbio, na akiwa njiani tayari alikuwa akimwita Ngwena kwa jina lake la nyumbani, waziwazi, kwa sauti ya kuamsha mtaa.

Mwatima alibaki na ufunguo mkononi. Hakuutumia. Watu walikuwa wameanza kuja kutoka sokoni, kwanza kwa kusitasita, wakichungulia moshi wa jikoni za zamani. Mzee mmoja, mwashi aliyekuwa amekarabati ukuta ule maisha yake yote bila kuvuka upande wa pili, alisogea hadi kizingitini akiwa amemshika mkewe mkono.

"Bi Mwatima," aliuliza, "huko chini kuna nini hasa?"

"Kuna watu," Mwatima alisema.

Mzee alivua kofia, akaipangusa, akaivaa upya vizuri, na yeye na mkewe wakashuka.